Besi ya nyuzi tano

Jamani naomba nisimulie mwenyewe kabla hamjasikia kwa wanakwaya, maana wao wanaongeza chumvi.

Mi gitaa la besi sijafundishwa na mtu, nimejifunza kwa gemu. Rocksmith 2014, lile la Ubisoft. Unachomeka gitaa lako la kweli kwa waya wake, upande mmoja jeki upande wa pili USB, noti zinakuja kwenye skrini na kila uzi una rangi yake. Kwa besi ni nyekundu, njano, bluu na machungwa, basi. Ukipatia linakuongezea noti, ukikosea linakupunguzia kimyakimya wala halikusemi. Nikajifungia na PS3 ya binamu yangu chumbani kwangu Mabatini, Mwanza, miezi minne, nikatoka najua nimeiva kumbe nilikuwa nabebwa.

Halafu kuna ishu ya TV. Sauti nilikuwa naipitisha kwenye HDMI, ule waya unaobeba picha na sauti pamoja, na TV yangu ilikuwa inaichelewesha, nagonga uzi, mlio unakuja baadae kama mtoto aliyetumwa chumvi dukani. Maelekezo yalisema kabisa sauti itoe kwa waya wa analogi, ila nani anasoma maelekezo? Dawa yangu ikawa kuwahi. Yaani mziki haujafika mi nshagonga, na maksi napata.

Sasa kwaya yetu ikawa na harusi Igoma, mpiga besi kaenda msibani Ukerewe. Mwalimu wa kwaya akauliza nani anaweza kushika besi, mdomo wangu ukajibu kabla yangu.

"Chodi unazijua?"

"Zote mwalimu."

Kufika ukumbini napewa besi, naiangalia, ina nyuzi tano. Tano! Rangi zangu mi ni nne. Nikajisemea huo wa tano utakuwa wa chini huko, wa urembo, nikahesabu kutoka juu, nyekundu, njano, bluu, machungwa, huo uliobaki nikauacha upumzike. Kumbe wenye besi za tano uzi walioongeza ni ule mnene wa juu kabisa, B, kwa hiyo kila kitu changu kilikuwa kimehama nyumba.

Maharusi wanaingia, mwalimu akaonyesha noti ya G. G naijua, nyekundu freti ya tatu, yaani kituo cha tatu kwenye shingo ya gitaa, nikaikandamiza kwa imani. Ikatoka D. Kinanda kikienda C mi niko G. Nikasikia kabisa kuna mtu anaharibu, nikamgeukia mpiga kinanda nikatikisa kichwa kwa huruma ili watu waelewe ni nani. Masikini kaka wa watu akaanza kujishuku, akabonyeza transpozi, kile kitufe cha kuhamisha noti zote juu au chini, akashuka kunifuata huko D.

Hapo tukapatana vizuri sana sisi wawili. Waliobaki ndo wakaumia, soprano wakaimba kwa sauti za wajomba, na waimbaji wa besi wenyewe wakawa wanafungua midomo tu hakitoki kitu.

Na bado nawahi. Mpiga drams akaniangalia, akajua pengine ndo mtindo, akanifukuzia, mi nikisikia ananikaribia nawahi zaidi. Maharusi walioanza kwa ile hatua moja, pumzika, hatua moja, wakajikuta wanakata mbuga kama watu wanaowahi kivuko cha Kamanga. Bibi harusi kashika gauni kwa mikono miwili. Shangazi aliyebeba keki nyuma alikuwa hachezi tena, anapigania keki. MC hajamaliza hata kutaja majina ya wasimamizi, maharusi wameshakaa na wanajipepea.

Wageni lakini walishangilia, siwezi kudanganya. Kuna mzee alikuja kunitunza buku mbili.

Tulipotoka nje mpiga drams akaniuliza, "Kaka, we ulikuwa unawahi wapi?" Sikujibu. Mwalimu akaja na besi mkononi, mpole kabisa, upole ule wa kutisha.

"Mdogo wangu, nionyeshe G."

Nikaonyesha.

"Na huu uzi unaitwaje?"

"Nyekundu."

Akauangalia ule uzi. Mweupe pee, chuma kitupu. Akaniangalia mimi, akaniwekea soda yake mkononi nimshikie, akaenda kukaa peke yake kwenye gari.

Siku hizi nabeba spika, na kwaya nzima mpaka watoto wa Sande skuli wananiita Nyekundu.