Ulimi wa Mkwe

Nina maradhi ya kutaka kujua asili ya majina. Nikipanda matatu, nitamweleza abiria aliye kando yangu kwamba Nairobi ni neno la Kimaasai linalohusu maji baridi. Nikinunua mapera sokoni, nitamkumbusha muuzaji kwamba neno hilo tumelipata kwa Wareno, ambao kwao pera ni tunda jingine kabisa. Ndiyo maana mchumba wangu Yasmini, aliponiarifu kwamba mama yake amekubali nifike kwao Pangani Jumapili kujitambulisha, aliniomba jambo moja tu: nisimweleze mtu yeyote maana ya jina lake.

Niliona haya kwenda mikono mitupu. Nikasimama kwenye kitalu kimoja cha miche kando ya Barabara ya Ngong, nikamwambia muuzaji kwamba nataka mmea usiokufa hata ukisahauliwa. Akanipa mmoja wenye majani marefu yaliyosimama wima kama panga, ya kijani chenye mistari na kingo za manjano, akaapa kwamba ungekaa wiki tatu bila tone la maji. Kwenye udongo palichomekwa kijibao cha plastiki chenye maandishi. Mimi, ambaye husoma hata maandishi ya kiberiti, sikukisoma, kwa sababu tulikuwa tukivutana juu ya bei.

Tuliandaliwa pilau na kachumbari, nami nilivumilia kwa muda wa dakika kumi hivi. Aliyenichokoza ni mjomba wake Yasmini, mwalimu mstaafu wa historia.

"Na hili jina Wekesa lina maana gani, mwanangu?"

Nikafunguka kama mfereji. Nilieleza kwamba Wabukusu humpa jina hilo mtoto wa kiume aliyezaliwa wakati wa mavuno, ingawa mimi nilizaliwa Aprili, mahindi yakiwa hayajafika magotini, nikarithishwa tu jina la babu. Nikaendelea kwamba Mjaluo aliyezaliwa usiku huitwa Otieno, Mkamba huitwa Mutuku, na Waswahili nao wana Chausiku wao. Kutoka hapo nikaingia bustanini: Yasmini ni ua ambalo jina lake limetoka Uajemi, na Zaituni, jina la mama mwenyewe, ni mti wa Waarabu unaoishi miaka mingi na kuvumilia ukame. Mama akatabasamu. Yasmini akanikanyaga mguu chini ya meza, nami nikadhani ni mapenzi.

"Na huu uliotuletea?" mama akauliza. "Nao waitwaje?"

Mjukuu wake, mwanafunzi wa darasa la sita, alikwisha kuchomoa kile kijibao. Akalisoma jina kwa Kiingereza, kisha, kwa kuwa nyanya yake hakusoma lugha hiyo, akamfasiria bila kusita: "Nyanya, unaitwa Ulimi wa Mama Mkwe."

Vijiko vikatulia sahanini.

"Kwa nini ulimi?" mama akauliza kwa upole ulionitia baridi.

Mtu mwenye akili angesema hajui. Mimi nikajibu: "Kwa sababu majani yake ni marefu, mama, tena yana ncha kali."

Nikakimbilia elimu ya mimea. Nilieleza kwamba hilo lilikuwa jina la mzaha la Waingereza, na kwamba wataalamu waliuita Sansevieria, jina linalohusishwa na Raimondo di Sangro, mwanamfalme wa Sansevero aliyeishi Napoli katika karne ya 18. Kwa hiyo zawadi yangu, ukiitazama vizuri, ilikuwa ya kifalme. Niliuona uso wa mama ukianza kulegea. Lau ningenyamaza hapo ningeokoka, lakini maradhi ni maradhi, nami nikaongeza kwamba siku hizi wataalamu wameliacha jina hilo na kuuweka mmea huo katika jenasi ya Dracaena.

"Nalo lina maana gani?" akauliza mjomba, ambaye hadi leo naamini alikuwa akilijua.

"Ni Kigiriki," nikasema, sauti ikididimia. "Ni joka la kike."

Yasmini alijifunika uso kwa mtandio. Mjomba alicheka hadi pilau ikampalia, na alipopata pumzi akanihurumia. Alisema kwamba ndugu wa porini wa mmea huo Wamasai humwita oldupai, na kwamba ndiye aliyelipa jina bonde la Olduvai kule Tanzania, baada ya wageni kulisikia vibaya na kuliandika walivyosikia. Akaongeza kwamba nyuzi za jamii ya mmea huo husokotwa kamba.

"Basi wenzako wakaona kamba," mama akasema, "wewe ukaona ulimi, mkwe wangu."

Neno hilo la mwisho nililidaka kwa mikono miwili, kwa maana posa ilikuwa bado haijapelekwa.

"Hebu nambie, wewe unayejua majina," akaendelea. "Kwa Kiswahili, mkwe ni nani?"

Nikamjibu kwa tahadhari kwamba ni mzazi wa mume au wa mke, na vilevile ni mume au mke wa mtoto, kwa hiyo pande zote mbili huitana mkwe.

"Vyema. Na tangu adhuhuri, katika wakwe wawili tulioketi hapa, ni nani aliyesema zaidi?"

Hata yule mtoto alinitazama mimi.

Posa ilipokewa miezi mitatu baadaye, nikiwa nimeandamana na wazee walioagizwa waniketishe mbali na mjomba. Mmea ungali barazani, umenenepa na kuzaa machipukizi. Kijibao kilitupwa, na mama ameupa jina lake mwenyewe, ambalo hulisikia kila niendapo Pangani, pale anapomwagiza mjukuu wake bila kunitazama: "Mtilie Mkwe maji, lakini kidogo tu. Akiachiwa yakamzidi, huoza."