Sikukuu ya Maveterani Ilianza Kama Siku ya Amani

Anayelitazama gwaride la Sikukuu ya Maveterani nchini Marekani, kila tarehe 11 Novemba, anaweza kudhani kwamba siku hiyo iliwekwa tangu awali ili kulitukuza jeshi. Chimbuko lake ni jingine. Alfajiri ya tarehe 11 Novemba 1918, ndani ya behewa la treni katika msitu wa Compiègne, Ufaransa, wajumbe wa Ujerumani walitia saini mapatano ya kusitisha Vita vya Kwanza vya Dunia, na ilipofika saa tano asubuhi mizinga ikanyamaza. Bunge la Marekani lilipoifanya tarehe hiyo kuwa sikukuu mwaka 1938, sheria iliitaja waziwazi kuwa siku ya kuitetea amani ya dunia.

Baada ya Vita vya Pili vya Dunia na vya Korea, mamilioni ya askari wengine walikuwa hawana siku yao. Alvin King, fundi viatu wa Emporia, Kansas, aliyefiwa na mpwa wake vitani, aliwashawishi wenzake mwaka 1953 waiadhimishe siku hiyo kwa ajili ya askari wa vita vyote. Mbunge wao, Edward Rees, akalifikisha suala hilo bungeni, na tarehe 1 Juni 1954 Rais Eisenhower akaidhinisha jina jipya, Sikukuu ya Maveterani, badala ya Siku ya Mapatano. Hoja ya fundi yule ilikuwa ya haki. Tena tamko la Eisenhower la mwaka huohuo lilihimiza amani ya kudumu. Kwa maoni yangu, ni desturi za baadaye zilizoisukuma amani pembeni.

Serikali ilipoihamishia sikukuu Jumatatu ya Oktoba kuanzia 1971, ili watu wapate mapumziko marefu (na wenye maduka, bila shaka, wateja), majimbo mengi yaliendelea kushikilia tarehe ya zamani, hata ikarejeshwa rasmi mwaka 1978.

Huku kwetu Afrika Mashariki, habari za mapatano zilichelewa. Tarehe 13 Novemba askari wa Jenerali von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Ujerumani, walikuwa bado wanapigana Kasama, katika Zambia ya leo, na walisalimisha silaha Mbala, wakati huo Abercorn, tarehe 25. Kwa wapagazi wa pande zote mbili, ambao maradhi na njaa viliwaua wengi kuliko risasi, kusitishwa kwa vita ndiko kulikokuwa na maana, wala si gwaride. Viongozi wa Marekani wangeweza kuyasoma hadharani maneno ya sheria ya 1938 kila Novemba, bila kumpunguzia askari yeyote heshima yake.