Fidia ya ardhi: hakimu hapangi bei, anapima ushahidi

Wananchi wanaopisha mradi wakiona fidia haitoshi, kauli yao ya kwanza huwa "tutaonana mahakamani". Sawa, waende. Wasiwasi wangu ni kile wanachokwenda nacho. Wengi huenda na uchungu, tena wa haki kabisa. Serikali inakwenda na ripoti ya uthamini iliyoidhinishwa na Mthamini Mkuu.

Sheria zetu kwenye jambo hili si mbaya hata kidogo. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani ya Tanzania, Jaji Mkuu akiwa Francis Nyalali, iliamua kesi ya baba na mwanawe kutoka Arusha waliokuwa wakidai ardhi waliyoipoteza wakati wa Operesheni Vijiji, pale serikali ilipowahamishia watu vijijini miaka ya 1970. Mwaka 1992 Bunge lilikuwa limepitisha sheria ya kufuta haki za kimila za kumiliki ardhi ya namna hiyo, na fidia hakuna. Mahakama ikasema haki ya kimila ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba. Ikaongeza kwamba fidia haiishii kwenye nyumba na miti: aliyeitolea ardhi jasho lake anastahili fidia ya haki hata kama hakuna jengo wala mnazi wa kuhesabu. Miaka mitano baadaye Sheria ya Ardhi Na. 4 ya 1999 ikatamka kwamba fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati.

Kanuni za mwaka 2001 zikaweka hesabu. Msingi ni bei ya soko. Juu yake kuna posho ya usumbufu, posho ya usafiri (tani 12 za mizigo, umbali wa kilomita 20), kodi ya pango ya miezi 36 kwa anayeondolewa kwenye nyumba yake, na kwa mwenye biashara faida ya miezi 36.

Hapo penye "bei ya soko" ndipo mambo yanapoharibika. Mthamini huipata kwa kulinganisha na mauzo ya karibuni ya ardhi inayofanana. Lakini tunajua tunavyouziana viwanja: karatasi ya mauziano kwa mwenyekiti wa mtaa, bei imeandikwa pungufu ili kodi iwe ndogo. Siku mradi unakuja, zile bei za uongo ndizo zinazogeuka ushahidi dhidi yetu. (Na aliyeandika nusu ya bei ndiye atakayelalamika kwa sauti kubwa.)

Jaji hawezi kukusaidia hapo kwa huruma. Anayedai ndiye anayethibitisha, na hasara inayodaiwa kwa tarakimu lazima ithibitishwe kwa tarakimu. Ukisimama kizimbani na kusema shamba lako lina thamani ya milioni 40 kwa sababu jirani aliuza hivyo, utaulizwa hati ya jirani iko wapi, na mthamini wako ni nani. Ukikosa majibu, ripoti iliyobaki mezani ni moja tu.

Mthamini binafsi ni gharama, na mwenye ekari mbili za mihogo hana pesa hiyo kabla ya kulipwa. Kwa hiyo ninaona mradi wowote unaochukua ardhi ubebe pia gharama ya mthamini atakayechaguliwa na wananchi wenyewe. Kuna watakaosema hilo litaongeza gharama za miradi. Litaongeza, ndiyo, ila kesi zinazoburuzwa miaka nazo zina gharama. Kabla hata ya hilo kuna jambo rahisi zaidi: kila mtu apewe mchanganuo wake wote. Mara nyingi mwananchi anaonyeshwa jumla tu na mahali pa kuweka dole gumba. Haoni ekari imethaminiwa kwa shilingi ngapi, wala bei hiyo imelinganishwa na mauzo yapi. Asichokiona atakipingaje?

Suala la muda nalo linaumiza. Kwa Sheria ya Uthamini ya mwaka 2016, uthamini wa fidia usiolipwa ndani ya miaka miwili unapoteza nguvu na kazi inaanza upya. Ni kinga nzuri. Lakini katika miaka hiyo miwili watu wameshaambiwa wasijenge, wasipande mazao ya kudumu. Kanuni zinatambua riba kwa malipo yaliyochelewa; sijaona zikitaja bei ya paa lililoachwa livuje kwa sababu mwenye nyumba alizuiwa kuliezeka.