Anna May Wong: lawama apelekewe nani?

Mwaka 2022 Marekani ilitoa sarafu ya robo dola yenye sura ya Anna May Wong, mwigizaji wa asili ya Kichina aliyeanza kung'ara enzi za filamu bubu. Wengi walishangilia. Wapo pia wanaokumbusha, tena kwa haki, kwamba huyu ndiye aliyecheza kijakazi wa Kimongolia katika The Thief of Bagdad ya 1924, akiwa amevaa kidogo sana, na mwaka 1931, katika filamu nyingine, akawa binti wa Fu Manchu, yule mhalifu wa Kichina wa hadithi za kubuni. Kwao, picha ya mwanamke wa Kichina kama mtumwa au nyoka ilizunguka dunia kwa uso wake. Alipozuru China mwaka 1936, lawama hiyo aliikuta magazetini.

Siwezi kuipuuza. Filamu hizo zilidhuru watu, na mwaka 1931 hakuwa tena msichana asiyejua kinachoendelea. Alikuwa ametoka Ulaya akiwa na jina kubwa, akarudi Hollywood kupokea nafasi ileile aliyoikimbia.

Ila tuangalie alikuwa na nini cha kuchagua. Alizaliwa Los Angeles mwaka 1905, mtoto wa dobi. Sheria ya California ilikataza ndoa kati ya mzungu na Mchina hadi 1948, na studio ziliifuata hadi kwenye skrini. Asiyeruhusiwa kubusiwa na nyota mzungu hapewi hadithi ya mapenzi yenye mwisho mwema. Ndiyo maana wahusika wake hufa. Katika The Toll of the Sea ya 1922, alipokuwa na umri wa miaka 17, anampenda Mmarekani, anaachwa, anamtoa mwanawe alelewe na wengine, kisha anajitosa baharini. Hata hao wanaume wa Kichina aliocheza nao mara nyingi walikuwa wazungu waliopakwa rangi: Fu Manchu, baba yake katika filamu ile ya mwaka 1931, alichezwa na Warner Oland, mzaliwa wa Sweden. Na hakunyamaza. Mwaka 1933, akiwa Uingereza, alilalamika hadharani kwamba Mchina wa kwenye sinema siku zote ni mtu mbaya.

Kinachonifanya niegemee upande wake zaidi ni kazi yenyewe. Tazama Piccadilly, iliyopigwa London na kutoka mwaka 1929. Shosho, mwosha vyombo wa klabu ya usiku, yuko juu ya meza anawachezea wenzake. Soksi yake imechanika. Hakimbilii macho ya mtu. Anacheza polepole, kama anayejipima mwenyewe, na wale wengine wanaacha kazi kumtazama. Maandishi ya hadithi yanataka tumwone kama kishawishi, lakini mwili wake unatuonyesha mfanyakazi mwenye akili anayejua thamani yake. Filamu bubu ilimpa nafasi hiyo, kwa kuwa hapakuwa na mtu wa kumwekea maneno ya kijinga mdomoni kila dakika. Shosho naye anauawa, kama kawaida, lakini aliyemtazama akicheza hawezi tena kumwona kama pambo.

Upande wa sifa nao una kasoro. Kumwita mfungua milango kunaifunika studio iliyoifunga. Mwaka 1937 studio ya MGM ilitoa The Good Earth, hadithi ya wakulima wa China. Nafasi ya O-Lan, mke wa mkulima, ambayo Wong aliitamani, ilikwenda kwa Luise Rainer, mzungu, aliyeshinda nayo Oscar. Mumewe alichezwa na Paul Muni, mzungu mwingine. Wakati huo Wong alikuwa na miaka 32 na uzoefu wa nchi kadhaa. Waliomnyima nafasi hiyo wanajulikana, na ndio wanaopaswa kuulizwa kwanza, kabla ya yeye kuulizwa kwa nini alikubali kuwa binti wa Fu Manchu.