Uokoaji majini: kazi ya serikali au ya wanaojitolea?

Chombo kinapozama kwetu, wanaowahi kufika ni wenyeji. Ilikuwa hivyo usiku wa kuamkia Septemba 10, 2011, MV Spice Islander I ilipozama katika mkondo wa Nungwi ikielekea Pemba. Ilikuwa hivyo tena Septemba 2018, kivuko cha MV Nyerere kilipopinduka kikiwa kimebakiza hatua chache kufika gati la Ukara na kuua watu 228, na Novemba 2022 pale Bukoba, ndege ya Precision Air ilipotumbukia ziwani na wavuvi wakaikimbilia kwa mitumbwi. Baada ya kila msiba mjadala ni ule ule. Wako wanaosema kuokoa roho za watu ni wajibu wa serikali, mvuvi asitwishwe mzigo huo. Wako wanaosema serikali haiwezi kukesha kwenye kila ufukwe, basi tuwe na vikosi vya watu wa hapo hapo wanaojitolea.

Uingereza ilianza mjadala huu karne mbili zilizopita. Sir William Hillary, aliyekuwa akiishi Douglas katika Kisiwa cha Man, alishuhudia meli zikivunjika mbele ya macho yake, na mwaka 1823 akatoa waraka wa kuwasihi wakubwa wa nchi waanzishe chombo cha uokoaji cha taifa zima. Wakuu wa jeshi la majini hawakuonyesha hamu. Waliomsikiliza ni matajiri wa London, na Machi 4, 1824 taasisi ikazaliwa kwa michango yao. Leo inaitwa RNLI (Taasisi ya Kifalme ya Kitaifa ya Boti za Uokoaji), ina vituo zaidi ya 230 Uingereza na Ireland, na bado inaendeshwa kwa michango, huku wengi wa wanaopanda boti zake wakiwa ni watu wa kujitolea.

Wanaoisifu historia hii mara nyingi huruka miaka ya katikati. Kufikia miaka ya 1840 michango ilikuwa imekauka na boti zilikuwa zinaoza. Kuanzia 1854 hadi 1869 taasisi hiyo ilipokea ruzuku ya serikali, kisha ikaiacha na kurudi kwa wachangiaji. Tena wale wanaoitwa wa kujitolea wa karne ya 19 wengi wao walikuwa wavuvi maskini, nao walipewa malipo kidogo kila waliposhusha boti. Kwangu hili lina uzito mkubwa, kwa sababu hapa kwetu tunapotaja kujitolea tunamaanisha bure kabisa, mtu atoe chombo chake, mafuta yake na siku yake ya kazi, halafu apewe mkono wa shukrani.

Gharama yenyewe ilionekana usiku wa Desemba 9, 1886. Meli ya Kijerumani, Mexico, ilikwama karibu na Southport katika dhoruba, na boti tatu za uokoaji zikaiendea. Boti ya Lytham iliwaokoa mabaharia wote 12. Boti ya Southport ilipinduka, ikapoteza watu 14 kati ya 16. Ya St Annes ilipotea na watu wake wote 13. Waokoaji 27 walikufa, wakaacha wajane na mayatima ambao hawakuwa na mfuko wa uhakika wa kuwatunza. Ndipo mfanyabiashara Charles Macara aliposema uokoaji hauwezi kuegemea mifuko ya matajiri wachache. Mwaka 1891, huko Manchester, yeye na wenzake wakapitisha boti za uokoaji mitaani na kuchangisha watu wa kawaida, na siku moja ikaleta zaidi ya pauni 5,000.

Hoja ya upande wa pili haiwezi kupuuzwa. Katika mfumo wa hiari, anayekufa ni mtu wa kijiji kimoja kidogo. Desemba 19, 1981, boti Solomon Browne ilitoka katika kijiji cha Mousehole, Cornwall, kuwafuata watu wanane wa meli Union Star iliyokuwa imezimikiwa injini. Nahodha wa boti hiyo, Trevelyan Richards, alikataa kuchukua waokoaji wawili wa familia moja. Hakurudi mtu: wanane wa boti na wanane wa meli, wote walikufa. Ndani ya siku moja wanakijiji wa kutosha walikuwa wamejitokeza kuunda kikosi kipya. Nawaheshimu kwa moyo wote, lakini serikali inaweza kuuzoea ushujaa wa namna hiyo hadi ikasahau kwamba unagharimu.

Je, serikali ikiichukua kazi nzima? Marekani ilijaribu. Tangu 1848 bunge lilitoa fedha za kujenga mabanda ya uokoaji ufukweni New Jersey, lakini bila wahudumu wa kulipwa. Mwaka 1854 meli Powhattan ilipovunjika, watu zaidi ya 200 walikufa. Kuanzia 1871 ofisa wa serikali, Sumner Kimball, akaleta wahudumu wenye mshahara, mazoezi na doria za usiku, na huduma hiyo ikawafaa maelfu kwa maelfu ya watu kabla ya kuunganishwa katika Walinzi wa Pwani mwaka 1915. Hata hivyo, Novemba 24, 1877 manowari Huron ilipopanda mwamba Carolina Kaskazini, kituo cha karibu kilikuwa kimefungwa. Bajeti ilikuwa inaanza Desemba. Watu 98 walikufa.

Kwa hiyo sikubaliani na anayesema mshahara peke yake utatuokoa, wala na anayesema moyo peke yake unatosha. Mwenyeji anajua mwamba uko wapi na mkondo unageuka saa ngapi, na yuko pale saa nane ya usiku. Kinachomwangusha ni kukosa vifaa na mtu wa kuitunza familia yake. Afrika Kusini walilielewa hili. Wavuvi 17 walikufa Stilbaai mwaka 1966, mwanamke aitwaye Patti Price akapigania magazetini kianzishwe chombo cha uokoaji, na mwaka uliofuata NSRI, taasisi yao ya uokoaji baharini, ikaanza kwa boti moja ndogo ya mpira. Wanaojitolea wako hadi leo, ila wanafundishwa na kuvalishwa.

Kwetu, kituo cha kuratibu uokoaji cha Mombasa kipo tangu 2006, na wito wa dharura una pa kupokelewa. Lakini wito huo ukifika kwa mvuvi wa Nungwi, unamkuta hana redio, hana jaketi la kuokolea maisha, hana bima, na petroli ya kutokea ananunua mwenyewe. Mambo hayo manne ndiyo ningeyataka bungeni kabla ya kujadili ununuzi wa boti kubwa itakayofungwa gati moja mjini.