Chura wa Ardhini na Mkaa wa Dar: Nani Abebe Gharama?

Kila mjadala wa misitu ya pwani unapoibuka hapa Dar es Salaam, hoja moja haikosi: watu kwanza, vyura baadaye. Ina uzito kuliko wahifadhi wengi wanavyokubali. Lakini chura ninayemtetea hapa, Spelaeophryne methneri, hana hata bahati ya kujulikana, maana sehemu kubwa ya maisha yake inapita chini ya udongo.

Ni mweusi, ana mkanda mwekundu mbele ya macho, na tangu alipoelezwa kisayansi mwaka 1924 yuko peke yake katika jenasi yake. Anaishi kwenye misitu ya nyanda za chini, mashariki na kusini mwa Tanzania, akijichimbia chini ya majani yaliyooza. Familia yake, Brevicipitidae, haina haja ya dimbwi la kuzalia: mayai hutagwa ardhini, na wanaotoka ni vyura wadogo waliokamilika, si viluwiluwi. Kwa hiyo kijito kikikauka si lazima kizazi kipotee. Udongo ukikauka, hana pa kukimbilia. Na unyevu wa udongo huo unalindwa na kivuli cha miti ile ile inayoingia tanurini kuchomwa mkaa.

Sasa tuwasikilize wanaotumia mkaa. Kujaza mtungi wa gesi kunadai fedha nyingi kwa mkupuo; mkaa wa kupima unanunulika kwa kilichopatikana leo. Mama wa Mbagala anayepika kwa mkaa hapumbazwi na mtu, anapiga hesabu sahihi kwa kipato chake. Mchomaji wa Kisarawe au Rufiji naye anatafuta ada ya mtoto. Januari 2006 serikali ilipiga marufuku biashara ya mkaa nchi nzima, na marufuku hiyo haikumaliza hata mwezi. Tena, IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi linalopima hatari ya viumbe kutoweka, imemweka chura huyu kwenye daraja la wasiwasi mdogo. Kwa nini basi mtu alale njaa kwa ajili yake?

Hoja nyingine ni kwamba miti hurudi. Kwenye miombo, misitu ya wazi ya bara, ni kweli: visiki huchipua, na eneo likipumzishwa miaka ya kutosha msitu unasimama tena. Lakini misitu ya pwani haifanani na miombo, na mara nyingi nyuma ya shoka hufuata jembe. Kwangu mimi jembe ndilo la kuogopwa zaidi. Kisiki kinaweza kungoja mvua. Ardhi inayolimwa kila msimu haimwachii chura huyu majani wala shimo.

Daraja la wasiwasi mdogo nalo linaeleza hali ya spishi nzima, katika eneo lake lote. Halisemi lolote juu ya msitu mmoja unaomegwa mwaka hadi mwaka. Utafiti uliochapishwa mwaka 2010 ulionyesha kwamba uchomaji mkaa, uliokuwa umbali wa kilomita 20 hivi kutoka Dar mwaka 1991, ulifika kilomita 50 mwaka 2005. Hapo ndipo ninapotofautiana pia na wahifadhi wanaodai ulinzi tu. Misitu ya Pugu na Kazimzumbwi, jirani na jiji, inastahili kulindwa, nami nafurahi imepewa hadhi ya hifadhi ya mazingira asilia. Ila askari wa msitu hapunguzi hata sufuria moja jijini. Mkaa ukikosekana Pugu, utaagizwa mbali zaidi kusini, kwenye makazi yale yale ya chura.

Wapo watakaosema tutamwokoa baadaye, kama chura wa Kihansi aliyetoweka porini lakini akalelewa Marekani, akarejeshwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwaka 2010 na kuachiwa bondeni kwake 2012. Yule tulijua anaishi wapi, kwenye manyunyu ya maporomoko. Huyu tungemchimbua wapi?

Mkakati wa taifa unataka asilimia 80 ya Watanzania watumie nishati safi ya kupikia ifikapo 2034. Ningeanzia Mbagala na Gongo la Mboto, kwa ruzuku ya gesi inayolipiwa kidogo kidogo kadiri inavyotumika. Kwa wachomaji, tutazame vijiji vya Kilwa vinavyouza mpingo kutoka misitu yao wenyewe kwa mpango. Hilo litagharimu fedha za umma, na wakazi wa Dar wenye uwezo, nikiwemo, ndio tuchangie zaidi.