Kiti Kina Kamati, Mkalia Kiti Ana Mistari Miwili

Kitazame kiti cha ofisi ya serikali. Mguu umelegea, sponji inachungulia nje, lakini kina namba ubavuni na kimo kwenye daftari la mali. Siku kikitakiwa kuondolewa, kamati inaundwa, kinakaguliwa, kinapinduliwa miguu juu, sababu inaandikwa, saini zinawekwa. Sasa mgeukie aliyekikalia, mtu wa mkataba wa miaka miwili aliyeongezewa mara tatu. Yeye anaagwa hivi: "Mkataba wako umefikia ukomo. Tunakushukuru kwa ushirikiano." Basi. Kiti kinabaki.

Na usiniambie tarehe ilijulikana. Ilijulikana kwa nani? Wewe ulitakiwa uombe kuongezewa miezi kadhaa kabla. Ukichelewa wiki moja, umekiuka masharti. Ofisi ikikaa na barua nusu mwaka, huo unaitwa mchakato. Barua inaanzia kwa mkuu wa idara atoe maoni. Maoni yanangoja fomu ya tathmini. Fomu inangoja malengo ya kazi, yaliyotakiwa kukubaliwa mwanzoni mwa mwaka ila yanajazwa leo, kalamu moja, wino mmoja, tarehe nne tofauti. Kisha utumishi waangalie ikama kama nafasi ipo, wahasibu waangalie kasma kama fedha ipo, ndipo mwenye mamlaka asaini. Nafasi ikiwepo, fedha haipo. Fedha ikija, mwaka wa fedha umekwisha, nafasi iombwe upya. Faili lenyewe muda wote huo liko chini ya kikombe cha mtu aliye safarini.

Mkataba unaisha. "Endelea tu, barua inakuja." Ogopa sana maneno hayo! Mfumo wa mishahara haujui "inakuja". Ulishalishwa tarehe ya mwisho tangu siku ya kwanza. Ikifika unakata, na bima inaweza kufuata mkia. Ukiumia kazini hapo katikati, kila mtu atauliza huyu ni nani. Mdomo wa bosi hauna muhuri, kwa hiyo dai karatasi, hata ya mwezi mmoja. Barua zako zipeleke nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa, urudi nayo. Faili lina miguu, hasa likisikia neno rufaa.

Wengine wanaambiwa wakapumzike wiki mbili kwanza ndipo waandikiwe mkataba mpya. Mapumziko gani hayo? Huo ni mkasi. Miaka sita inakatwa vipande visivyojuana, ili isije ikaonekana ni utumishi mmoja. Mchezo huu si mgeni: Mkataba wa kimataifa namba 158 wa Shirika la Kazi Duniani, wa 1982, unataka kuwe na kinga dhidi ya mikataba ya muda inayotungwa kukwepa ulinzi wa mfanyakazi. Umoja wa Ulaya nao mwaka 1999 ukazitaka nchi zake ziweke angalau breki moja: sababu ya kweli ya kuhuisha mkataba, yaani kuuongeza, ukomo wa jumla wa miaka, au idadi ya kuhuisha.

Haya, uliza basi kwa nini umeachwa. "Kwa maslahi ya umma." Na mimi si umma? Vigezo? "Vilivyopo." Kumbe haki yenyewe haihitaji hata bajeti. Vigezo vijulikane kabla, viwe vilevile kwa wote. Alama mbaya uonyeshwe ukiwa bado na nafasi ya kujibu. Mliyegombana naye asikae kwenye kikao. Sababu iandikwe.

Mradi ukiisha kweli, fedha zikakauka, wote wakafungasha, hapo hata mimi nanyamaza; daraja likishajengwa huwezi kudai uendelee kuupima mto. Lakini nchi nyingi zinatambua matarajio halali, yaani ulikuwa na sababu ya haki ya kuamini utaongezewa, na wasuluhishi wa migogoro ya kazi wataangalia umeongezewa mara ngapi, nani alikuahidi na alikuwa na mamlaka gani, kazi bado ipo au haipo, na nafasi yako kapewa nani. Tunza zile barua zote za nyuma. Na siku za kulalamika ni chache, usizimalize ukisubiri "tutakupigia".

Maana watakupigia kweli. Jumatatu asubuhi, sauti ya mgeni aliyekalia kile kiti: "Samahani, lile jedwali la takwimu ulilihifadhi wapi? Na huu mguu wa kiti, wewe ulikuwa unaufanyaje?"